Je, wajua kwa nini wapendanao wa filamu za Kano huimba badala ya kugusana?

Kijana na msichana wamesimama bustanini, kati yao hatua tatu hivi. Kinanda cha umeme kinalia. Kijana anarusha mabega, msichana anageuza uso, anavuta mtandio, kisha anamrudia kwa jicho la pembeni. Wanapokezana kuimba dakika nne, tano, wanazungukana weee, na hata kidole hakijagusa kidole. Hiyo ndiyo Kannywood, filamu za Kihausa zinazotengenezwa kwa bajeti ndogo huko Kano, kaskazini mwa Nigeria.

Wengi husema ni woga wa bodi ya ukaguzi wa filamu. Bodi ipo kweli: Kano ilipoanza kutumia sharia ya Kiislamu mwaka 2000, filamu zilisimamishwa kwa muda, na mwaka 2001 jimbo likaunda chombo cha kuzikagua kabla hazijauzwa. Lakini nyimbo hizi ziliitangulia bodi.

Chimbuko ni India. Tangu miaka ya 1950, wafanyabiashara wa Kilebanoni walileta filamu za Kihindi, na Wahausa wakazipenda bila kuelewa neno. Walichokielewa ni kisa: wazazi wanakataa, binti anaozeshwa asiyemtaka. Tena filamu zenyewe zilikwepa busu. Penye busu pakawekwa wimbo. Miaka ya 1980 masoko ya Kano yakajaa vijitabu vya soyayya, yaani mapenzi, vyenye visa vya namna hiyohiyo, na filamu za kaseti za video zilipoanza mwaka 1990 hazikuhitaji kutafuta mbali.

Ila jibu ninaloliamini mimi liko sebuleni. Kumbi za sinema za Kano zilikuwa za wanaume. Wanawake wengi walioolewa hukaa ndani. Kaseti iliwafuata humohumo, wakawa wateja wakubwa. Sasa filamu inatazamwa na mke, mawifi, watoto, pengine na mama mkwe. Na Wahausa wana kitu kiitwacho kunya, yaani kuona haya kama kwetu, lakini nzito zaidi: kwa desturi mama hamwiti mtoto wake wa kwanza kwa jina. Mbele ya watu kama hao busu ni balaa, lakini wimbo unapita. Maneno yake yanaweza kuungua kwa hamu, na hakuna wa kuinamisha macho. Na gharama yake ndogo: waimbaji wa studio wanarekodi, waigizaji wanafumbua midomo tu.

Si kwamba wote wanaridhika. Wapo masheikh wanaoona hata kuchezacheza huko kumevuka mpaka. Lakini mguso ndio unaowasha moto. Mwaka 2016 mwigizaji nyota Rahama Sadau alionekana akikumbatiana na mwanamuziki kwenye video ya wimbo, si filamu ya Kihausa hata kidogo. Chama cha watengenezaji filamu kilimfungia Kannywood, na alirudishwa mwaka 2018.