Je, wajua? Maji ya Mto Bubu hayafiki baharini, na mengi yake hayazami ardhini

Ukitoka Dodoma kwa treni kuelekea Tabora, ukishapita Kigwe nchi inashuka na kutandaa. Hapo ni Bahi, kama mita 830 kutoka usawa wa bahari, karibu mita 300 chini ya Dodoma mjini. Mbele, upande wa Manyoni, ukingo wa Bonde la Ufa umekatiza njia, na kuanzia Saranda reli haina budi kuupanda. Uwanda ulio katikati umegawanywa kati ya mikoa ya Dodoma na Singida bila mlima wa kuitenga: Bahi na Chipanga ziko Dodoma, Kintinku iko Singida, Wagogo wako pande zote mbili.

Kwenye uwanda huu unaingia Mto Bubu, kutoka nyanda za juu za kaskazini, ukipitia Kondoa na Chemba. Unaingia, hautoki. Maji yanakwenda wapi?

Jibu linalotolewa haraka ni kwamba yanaendelea kusini, yanaungana na Mto Kizigo, yanaingia Bwawa la Mtera, mwisho Mto Rufiji. Kwenye ramani ndogo ya ukutani mambo yanaonekana hivyo, kwa sababu kinamasi cha Bahi na Mto Kizigo vimekaribiana. Lakini kati yao kuna ardhi iliyoinuka kuliko sakafu ya Bahi, na maji hayapandi. Kwa kweli mvua ya mkoa wa Dodoma ina safari tatu tofauti. Inayonyesha upande wa Hombolo hufuata Kinyasungwe, kisha Mkondoa na Wami hadi Bahari ya Hindi. Ya kusini huenda Ruaha. Ya magharibi huishia Bahi, ndani ya kile ambacho wataalamu wa maji wanakiita Bonde la Kati, pamoja na Manyara na Eyasi, maziwa mengine yasiyo na mlango wa kutolea maji.

Jibu la pili lina mashabiki wengi zaidi, maana linasikika kama la kitaalamu: maji yanazama, yanapita chini kwa chini. Hili ndilo gumu kung'oa. Tuanze na udongo wenyewe. Sakafu ya Bahi ni mfinyanzi mweusi wa mbuga. Kiangazi unapasuka nyufa za kuingiza mkono mzima, na mvua za kwanza kweli zinaingia humo. Siku chache baadaye udongo umevimba, nyufa zimejifunga, na kuanzia hapo maji yanasimama juu. Mkulima wa mpunga wa Kintinku anaishi kwa ukweli huu. Kama sakafu ingekuwa inavuja, jaruba lisingeshika maji hata wiki moja. Yapo maji yanayopenya, hasa kwenye mchanga wa kandokando ya Bubu, na ndiyo maana visima vya huko mara nyingi huwa na maji matamu kuliko vya katikati ya mbuga. Ila hiyo ni sehemu ndogo ya hesabu.

Sehemu kubwa inaondoka kwa juu, inakuwa mvuke. Chukua ndoo ya maji na sinia pana. Mimina lita tano kwenye ndoo na lita tano kwenye sinia, viache juani. Sinia litakauka kwanza, si kwa kuwa jua lake ni kali zaidi, bali uso ulio wazi ni mkubwa. Sasa endelea kumimina kwenye sinia: maji hayaongezeki sana kina, yanatanda. Kila yanavyotanda, jua linapata uso mpana zaidi wa kunyonya. Utafika mahali kiasi unachomimina kinalingana na kinachopotea, na sinia halitafurika. Bahi ni sinia. Mwaka wa mvua nyingi kinamasi hutanuka kilomita kadhaa, hivyo hupoteza maji mengi zaidi, na ukingo wa kusini haufikiwi.

Hesabu yenyewe ni rahisi. Mvua ya Dodoma ni kama milimita 550 hadi 600 kwa mwaka, karibu yote kati ya Desemba na Aprili. Uvukizi kwenye maji ya wazi ni karibu milimita 2,000, yaani wastani wa 5 hadi 6 kwa siku. Hekta moja ya maji inapoteza zaidi ya lita 50,000 kila siku. Dimbwi la kina cha mita moja, lisiloingiziwa maji tangu Mei, linakwisha karibu na Novemba.

Ushahidi wa mwisho ni chumvi. Mvuke hauondoki na chumvi. Tuseme lita moja ya maji ya mto imebeba miligramu 200 za madini: mita za ujazo milioni moja zikikauka zinaacha tani 200. Maji yangekuwa yanapita chini kwa chini, yangeibeba. Kumbe imebaki, na kiangazi inaonekana kama utando mweupe juu ya udongo. Zamani Wagogo waliukwangua udongo huo, wakauweka kwenye kichujio, wakamimina maji, wakachemsha yaliyochuruzika mpaka chumvi ikabaki chunguni.

Kwa mpunga utando huohuo ni balaa. Dalili ni ncha za majani kuungua na kuwa nyeupe, na mabaka ya miche iliyodumaa, hasa mwisho wa mfereji ambako maji hufika machache. Kosa la kawaida ni kuacha maji yakaukie jarubani. Inatakiwa kuingiza maji, kuyaacha siku moja mbili yayeyushe chumvi, kisha kuyatoa kwa mfereji wa chini kabla ya kupandikiza. Kasoro ni moja: yanayotolewa yanaenda kwa jirani aliye chini zaidi, maana nje ya sinia hakuna pa kuyapeleka.

Urani, madini yenye mionzi yaliyotafutwa na wanajiolojia huko Bahi, ilijikusanya kwa njia ileile ya chumvi: ililika polepole kutoka kwenye miamba ya matale, ikaletwa na maji, ikaachwa karibu na uso wa ardhi. Hiyo haina maana kila kisima kina urani. Viwango hubadilika kutoka kisima hadi kisima, na kuonja hakusaidii. Chumvi ulimi unaijua, urani haujui. Sampuli ipelekwe maabara.

Samaki nao wamechujwa na hali hii. Dimbwi likipungua na kuwa tope, perege ndio hufa kwanza, kwa kukosa hewa majini. Kambale ana kiungo cha ziada cha kuvutia hewa ya juu, kwa hiyo mnamo Oktoba, kwenye madimbwi yaliyobaki, wavuvi hupata karibu kambale watupu.