Kinyago cheupe cha Joy Buolamwini

Mimi kazi yangu ni kuandaa picha za kufundishia kompyuta kutambua sura za watu, na nikiulizwa msanii gani amenigusa kwenye haya mambo ya teknolojia na mtu kuwa nani, namtaja Joy Buolamwini bila kusita. Ana asili ya Ghana, yuko Marekani, ni mshairi na ni mtaalamu wa kompyuta, na kwake hivyo viwili ni kazi moja.

Akiwa anasoma MIT, chuo kikuu cha teknolojia huko Marekani, alitengeneza kioo, yaani ukijitazama unaona juu ya uso wako taswira ya kitu kinachokupa moyo, tuseme simba. Sasa ili simba akae sawasawa lazima kamera iuone uso kwanza, na wa kwake haikuuona kabisa. Akavaa kinyago cheupe. Papo hapo ikaona. Kinyago kimetambulika kuwa uso, mwenye uso hajatambulika!

Jamani kompyuta haina macho. Picha kwake ni namba tu, kila kidoti na kiasi chake cha mwanga, sisi tunailisha maelfu ya picha tukiiambia huu uso, huu siyo, mpaka ishike kwamba kwenye macho huwa na giza kuliko mashavuni, na kadhalika, kwa hiyo albamu ikijaa watu weupe inachoshika ni mwanga unavyokaa kwenye uso mweupe, na ukija wewe mweusi kwenye chumba chenye taa hafifu namba zako zote zinakaribiana, haioni pa kushika.

Hili nimelishuhudia. Kuna kazi moja ya kusajili watu, bibi mmoja alikaa mbele ya tableti yangu mashine ikagoma mara nne. Nikamwambia bibi samahani, sogea kidogo dirishani. Akajifuta uso kwa ncha ya kanga, akaniuliza, "Mjukuu wangu, kwani uso wangu una nini?" Nilikosa cha kumjibu na mpaka leo linaniuma, maana uso wake haukuwa na kitu.

Joy na mtafiti mwenzake Timnit Gebru walifanya jambo ambalo sisi wa fani hii tulipaswa tulifanye zamani, walibadilisha mtihani. Picha za kupimia mashine zenyewe zilikuwa nyingi za watu weupe, sasa itafelije? Wao wakakusanya picha 1,270 za wabunge wa Rwanda, Senegal, Afrika Kusini, Iceland, Finland na Sweden, mabunge yenye wanawake wengi, na picha zao ziko wazi kwa kila mtu. Majibu yakatoka 2018: programu walizozipima zilipotakiwa kutambua huyu ni mwanaume au mwanamke, kwa wanaume weupe makosa hayakuzidi asilimia 0.8, kwa wanawake weusi programu iliyofanya vibaya zaidi ilikosea asilimia 34.7. Mmoja kati ya kila watatu hivi!

Halafu Joy akaandika shairi, akalitengenezea video, anazipa mashine sura za wanawake weusi maarufu kina Michelle Obama na Serena Williams, na Oprah Winfrey anaitwa mwanaume. Zile asilimia niliwahi kuwaonyesha wenzangu kazini, wakatikisa kichwa wakaendelea na shughuli zao. Video waliitazama kimya mpaka mwisho, kisha mmoja akafungua folda letu la picha akaanza kuhesabu wanawake.