Thelma Ritter: mikono ina kazi, mdomo una kazi

Mwanafunzi wangu wa uigizaji akilalamika kwamba amepewa nafasi ndogo, humpa filamu za mwigizaji Mmarekani Thelma Ritter akazitazame. Ritter hakuwahi kuwa steringi wa mapenzi. Alicheza mama, yaya, nesi, mtumishi. Lakini akitokea tu, macho yako yanamfuata yeye.

Alizaliwa Brooklyn, New York, tarehe 14 Februari 1902, akasomea chuo cha uigizaji cha American Academy of Dramatic Arts, kisha akafanya kazi za jukwaani. Mwaka 1927 aliolewa na Joseph Moran, mwigizaji aliyehamia baadaye kwenye matangazo ya biashara. Wakajaliwa watoto wawili, naye akaliacha jukwaa kwa muda ili awalee. Alirudi kupitia redio, na mimi naamini redio ndiyo iliyomnoa. Kule huna uso wala mkono. Sauti peke yake ndiyo inayomweleza msikilizaji kwamba umechoka, au kwamba kuna jambo unalificha.

Kwenye sinema alifika 1947, akiwa na miaka 45. Katika Miracle on 34th Street ni mama aliyechoshwa na kuzunguka madukani akimtafutia mwanawe gari la zimamoto la kuchezea. Ni tukio fupi sana, na jina lake halikuandikwa hata kwenye orodha ya waigizaji. Lakini milango ikafunguka.

Miaka mitatu baadaye, katika All About Eve, alikuwa Birdie, msaidizi wa nyota wa jukwaa Margo Channing aliyechezwa na Bette Davis. Wakati wengine wote wamerogwa na upole wa Eve, msichana shabiki aliyeingia nyumbani kwa Margo, Birdie ndiye wa kwanza kugundua kwamba msichana huyu anamsoma Margo, mwendo wake, usemi wake, kila kitu. Katikati ya filamu Birdie anatoweka. Hilo bado linaniuma kila ninapoitazama, maana nyumba ile inabaki bila mtu wa kusema ukweli.

Siri ya ufundi wake inaonekana vizuri zaidi katika Rear Window ya 1954. Ni Stella, nesi wa kampuni ya bima anayemhudumia mpiga picha aliyevunjika mguu. Anampima joto, anamkanda mgongo, na wakati wote huo anamsema. Ritter hasimami ili atoe maneno yake. Maneno yanatoka huku kazi ikiendelea, kama wasemavyo watu wanaoshinda kazini mchana kutwa. Ndiyo maana utani wake haunuki maandishi. Mgonjwa anapoletewa kifungua kinywa, Stella anawaza kwa sauti jinsi maiti ya jirani wanayeshuku ameuawa ilivyokatwakatwa, na hamu ya chakula inamtoka mwenzake. Yeye hana habari kabisa kwamba amechekesha. Hilo ni gumu kuliko kulia.

Kati ya 1950 na 1962 aliteuliwa mara sita kuwania Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike, nne za mwanzo zikiwa mfululizo, na hakushinda hata mara moja. Naliona hilo kuwa dhuluma. Jukwaani alitendewa haki: mwaka 1958 alipata Tony kwa New Girl in Town, akigawana tuzo hiyo na Gwen Verdon aliyecheza naye katika tamthilia hiyohiyo ya muziki. Alifariki New York tarehe 5 Februari 1969.

Kwa anayetaka kuanza na moja tu, atafute Pickup on South Street ya 1953. Ritter ni Moe, mwanamke mzee anayeuza tai mitaani na kuwauzia polisi habari za wezi, akidunduliza fedha za kaburi ili asizikwe na maskini wasio na wenyewe. Usiku mmoja anarudi chumbani hoi, anaweka santuri, na muuaji yupo ndani akimsubiri. Ritter hapigi kelele wala hasihi. Anazungumza naye kwa uchovu, kama mtu aliyefikishwa mwisho wa hesabu zake, na hofu unayoingoja usoni mwake haiji. Unabaki na mifupa iliyochoka, na kichwa kinachokataa kumtaja mtu anayetafutwa na muuaji huyo.