Uoni Baada ya Upasuaji wa Macho kwa Leza: Yanayosemwa na Yaliyo Kweli

Leza ya kurekebisha uoni huchonga konea, yaani utando angavu wa mbele ya jicho, kwa muda ambao mara nyingi haufiki dakika moja kwa kila jicho, na mgonjwa huondoka hospitalini kwa miguu yake siku hiyohiyo. Wepesi huo ndio unaowafanya wengi waamini kwamba hata kupona ni kwepesi vivyo hivyo. Karibu dhana zote potofu kuhusu upasuaji huu huchipuka hapo: watu huchanganya muda wa kukata na muda wa kupona, ilhali konea ni sehemu hai ya mwili yenye seli na neva zake, na hakuna mashine, hata iwe mpya namna gani, inayoweza kuiharakisha kupita kiasi chake.

“Ukishuka kitandani unaona vizuri”

Kauli hii ina nusu ya ukweli, tena kwa aina moja ya upasuaji. Katika LASIK, daktari hufungua kifuniko chembamba cha konea, chenye unene wa takriban mikroni 100 hadi 120 (mikroni 1,000 ni milimita moja), hukikunja pembeni, leza huchonga sehemu iliyo chini yake, kisha kifuniko hurudishwa mahali pake bila kushonwa. Kwa kuwa tabaka la juu kabisa la jicho limebaki karibu zima, wagonjwa wengi huweza kusoma mabango ya barabarani kesho yake. Lakini saa chache za mwanzo si za kuona: kila kitu huwa na ukungu, machozi hutiririka, mwanga wa dirishani huumiza, na jicho huwasha kana kwamba limeingiwa na mchanga. Ushauri wa kawaida kwa saa hizo ni kwenda nyumbani na mtu wa kukushika mkono, kulala, na kutogusa jicho kwa namna yoyote.

Katika PRK, aina nyingine ya upasuaji huu, hakuna kifuniko. Tabaka la juu la seli huondolewa lote katika eneo litakalochongwa, kisha jicho huvishwa lenzi laini ya kulinda kidonda. Seli mpya huanza kukua kutoka pembezoni kuelekea katikati, na kwa kawaida kidonda hufunga ndani ya siku 3 hadi 5. Zinapokutana huacha kijituta kidogo mbele kabisa ya mboni, palepale mwanga unapopitia. Matokeo yake ni jambo ambalo huwashtua wagonjwa wasioandaliwa: mtu aliyeweza kusoma ujumbe kwenye simu siku ya kwanza anaweza kushindwa kuusoma siku ya tatu au ya nne. Uoni wake haujaharibika. Kijituta hicho hulainika chenyewe, na uoni wa kufanyia kazi hurejea taratibu katika wiki zinazofuata, ingawa kutulia kabisa kunaweza kuchukua miezi 3, na kwa wengine zaidi.

Ndiyo maana ndugu wawili waliofanyiwa upasuaji wiki moja, mmoja LASIK na mwingine PRK, hawapaswi kulinganisha maendeleo yao. Wapo pia wanaoidharau PRK kwa kuwa ni ya zamani. Ni kweli kwamba ilikwisha kuidhinishwa Marekani mwaka 1995, kabla ya LASIK. Hata hivyo, kwa mwenye konea nyembamba, au kwa bondia na askari ambao jicho lao linaweza kupigwa ngumi wakati wowote, kutokuwa na kifuniko kinachoweza kuhama ni faida inayostahili wiki chache za ukungu. SMILE, aina ya tatu, iliyoidhinishwa Marekani mwaka 2016, hutumia mkato mdogo wa milimita chache bila kifuniko, na uoni wake katika siku za mwanzo mara nyingi huchelewa kidogo ukilinganishwa na wa LASIK.

“Maumivu yakizidi, tafuta yale matone ya ganzi”

Hapana. Matone ya ganzi ni ya chumba cha upasuaji. Yakitumiwa nyumbani mara kwa mara huzuia seli za konea kukua na yanaweza kuiharibu kiasi cha kuhitaji upasuaji mwingine mkubwa. Maumivu ya PRK, ambayo kwa kawaida huwa makali katika siku 2 au 3 za mwanzo, hutulizwa kwa dawa za kumeza na matone aliyoandika daktari. Maumivu yanayoanza upya baada ya kupungua, yakiambatana na wekundu, usaha au uoni unaoshuka ghafla, ni sababu ya kurudi kliniki siku hiyohiyo wala si ya kupita dukani kwanza.

“Macho yakikauka ujue upasuaji umeharibika”

Hapa inafaa tukae kidogo, kwa sababu ukavu ndio unaowanyima raha wagonjwa wengi kuliko jambo jingine lolote. Konea ni miongoni mwa sehemu za mwili zenye neva nyingi zaidi, na neva hizo ndizo zinazoupa mwili taarifa kwamba jicho linahitaji machozi. Upasuaji unapozikata, taarifa hupungua: mtu hupepesa kope mara chache na tezi hutoa machozi kidogo. Neva hukua upya, lakini kwa mwendo wake, na ukavu unaweza kuendelea kwa miezi 6 hadi mwaka mmoja. Kwa wagonjwa wachache hauishi kabisa, na ni haki yao kuambiwa hivyo kabla hawajatia saini.

Ukavu pia hueleza lalamiko lingine linalosumbua, la uoni unaokuja na kupotea. Sehemu ya kwanza inayopinda mwanga kuingia jichoni ni utando wa machozi ulio juu ya konea. Utando ukivunjika, picha huvunjika nao. Mgonjwa anaweza kujichunguza mwenyewe: atazame maandishi ya mbali, apepese, kisha akazie macho. Ikiwa herufi huwa wazi mara tu baada ya kupepesa, halafu hufifia baada ya sekunde kadhaa, uwezekano mkubwa ni kwamba tatizo liko kwenye machozi, na tiba yake ya kwanza ni machozi bandia, hasa yale yasiyo na kihifadhi, pamoja na kupumzisha macho mbele ya kompyuta na kukwepa upepo wa feni au kiyoyozi usoni. Anayepanda bodaboda avae miwani ya kukinga upepo na vumbi, hata kama miwani ndiyo aliyoikimbia.

Duara za mwanga zinazoonekana usiku kuzunguka taa za magari zina asili nyingine. Gizani mboni hupanuka, na mwanga hupita hadi kingo za eneo lililochongwa, mahali ambapo umbo la konea hubadilika. Kwa wengi duara hizo hufifia katika miezi ya mwanzo, konea ikitulia na ubongo ukizizoea. Mtu anaweza kusoma mstari wa 6/6, yaani wa uoni wa kawaida, kwenye chati ya kliniki na bado akashindwa kuendesha gari usiku kwa amani. Chati hupima herufi nyeusi kwenye ubao mweupe wenye mwanga wa kutosha, na barabara zetu nyingi usiku hazina mwanga huo.

“Nikishaona, dawa na masharti yamekwisha”

Kifuniko cha LASIK hushika haraka kwenye kingo, lakini mshiko wake wa ndani haurudi kuwa kama wa konea isiyokatwa. Zipo taarifa za kitabibu za vifuniko vilivyohama miaka mingi baadaye kwa sababu ya pigo. Ndiyo sababu mgonjwa hupewa vikinga jicho vya plastiki vya kubandika usiku kwa siku kadhaa, ili asifikiche jicho akiwa usingizini. Kuogelea, iwe baharini au kwenye bwawa, husubiri kwa wiki kadhaa. Wanja na vipodozi vya machoni navyo hukaa kabatini mpaka daktari aviruhusu, kwa kuwa unga wake mwepesi huingia kirahisi kwenye jeraha. Muumini anayetawadha mara tano kwa siku asione haya kumuuliza daktari lini maji yanaweza kugusa macho, kisha amuulize sheikh wake juu ya ruhusa aliyonayo mgonjwa. Ni swali la kawaida kabisa, na ni bora liulizwe kabla ya siku ya upasuaji.

Kuhusu dawa, kosa huwa la pande mbili. Wapo wanaoacha matone ya steroidi (dawa ya kutuliza uvimbe) mapema kwa sababu wanaona vizuri, na konea ikaweka ukungu wa kovu, hasa baada ya PRK. Wapo pia wanaoyapenda mno, wakaendelea kuyanunua dukani bila cheti kila jicho linapowasha. Steroidi ikitumiwa kwa muda mrefu bila usimamizi inaweza kupandisha presha ya jicho na kuleta mtoto wa jicho. Hatari ya presha huwa kubwa zaidi baada ya leza kwa sababu inaweza kujificha: vipimo vingi vya presha hutegemea ugumu na unene wa konea, na konea iliyopunguzwa huonyesha namba ndogo kuliko presha halisi. Konea ya kawaida ina unene wa takriban nusu milimita katikati, na kila dayopta (kipimo cha nguvu ya miwani) inayorekebishwa huondoa karibu mikroni 12 hadi 15. Watu wenye asili ya Afrika wamo katika kundi lenye hatari kubwa zaidi ya glakoma, ugonjwa unaoua neva ya uoni na ambao presha ya jicho huuchochea, kwa hiyo kila anayekupima presha ya macho aambiwe kwamba uliwahi kufanyiwa leza, hata kama ni miaka 20 iliyopita.

Anayekwenda kufanyiwa upasuaji nje ya nchi, kwa mfano India, apange pia nani atamchunguza akirudi. Uchunguzi wa siku ya kwanza na wa wiki ya kwanza una uzito sawa na upasuaji wenyewe, na tiketi ya kurudi ya siku tatu haimfai mgonjwa wa PRK ambaye bado ana lenzi ya kidonda jichoni.

“Leza ni leza, yote hurudisha uoni”

Si kweli. Leza anayopigwa mgonjwa wa kisukari kwenye retina, utando wa nyuma ya jicho unaopokea picha, huzuia uharibifu usiendelee. Anayeisubiri irudishe uoni uliokwisha kupotea atavunjika moyo, na huenda akaacha tiba inayomlinda. Leza ya glakoma hushusha presha, hairudishi neva iliyokufa.

“Kutoona mbali kumepona, na miwani nimeiaga milele”

Leza hubadilisha umbo la konea tu. Jicho la asiyeona mbali mara nyingi ni refu kupita kawaida, na hubaki refu baada ya upasuaji, huku retina ikiwa imevutika vilevile. Aliyekuwa na miwani yenye namba kubwa bado ana hatari kubwa ya retina kubanduka. Akiona vimulimuli vya ghafla, vidoa vingi vinavyoelea, au kivuli kama pazia upande mmoja, aende hospitali bila kusubiri kesho.

Kuhusu miwani, lenzi ya ndani ya jicho huanza kukakamaa na kushindwa kuvuta vitu vya karibu kuanzia miaka ya 40 hivi, kwa aliyefanyiwa leza na asiyefanyiwa. Kwa hiyo aliyepasuliwa akiwa na miaka 25 atahitaji miwani ya kusomea kama wenzake wa rika lake, na hiyo si dalili kwamba leza imeisha nguvu. Umri ukisonga zaidi, huenda akapata mtoto wa jicho, na hapo daktari atahitaji kukokotoa nguvu ya lenzi bandia ya kuweka. Hesabu hiyo huwa ngumu kwa konea iliyochongwa, kwa hiyo karatasi yenye vipimo vya konea na namba ya miwani kabla ya upasuaji iombwe kliniki, ipigwe picha, na itunzwe pamoja na vyeti vya shule.