Asilimia 15 ya nini?

Wiki hii nimemsikia tena mtangazaji wa redio akisema Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu hapa Tanzania (HESLB) inawatoza wahitimu "riba ya asilimia 15". Mgeni wake aliitikia tu, na kwa jinsi alivyotambulishwa alipaswa kujua. Maneno hayo yamezunguka vijiweni na kwenye makundi ya WhatsApp mpaka anayeyapinga anaonekana katumwa na serikali. Mimi sijatumwa. Nina hoja zangu dhidi ya hiyo 15, na nitazitaja, lakini riba haimo.

Maana yenyewe ni fupi. Makato ni sehemu ya mshahara inayokwenda Bodi kila mwezi kupunguza deni. Riba ni kile kinachoongezwa juu ya deni kwa kuwa muda umepita. Makato hupigiwa hesabu kwenye mshahara na hushusha deni. Riba hupigiwa hesabu kwenye deni na hulipandisha. Asilimia 15 inayokatwa na HESLB ni ya mshahara wa msingi. Mwenye mshahara wa 700,000 anakatwa 105,000, awe anadaiwa milioni tatu au milioni kumi na tano, na zote zinaingia kwenye deni lake.

Wanaochanganya siwalaumu sana, maana mkopo huu umejaa asilimia tangu mwanzo. Majina yakitoka, swali la kwanza mtaani ni "umepata asilimia ngapi?", na hapo inazungumzwa sehemu ya mahitaji ambayo Bodi imekubali kugharimia baada ya kupima uwezo wa familia. Huyu kapata 100, yule kapata 60 na baba yake anatafuta pa kuuza ng'ombe. Halafu ipo asilimia 1 ya gharama za uendeshaji, inayotozwa mara moja tu. Ilikuwepo asilimia 10 ya adhabu kwa aliyechelewa kuanza kurejesha. Ilikuwepo 6, nitaifikia. Na nje ya chuo kuna mikopo ya kausha damu, ambako asilimia yoyote unayotajiwa ni ya kukumaliza. Mtu aliyekulia katika hali hiyo akisikia 15, lazima ashtuke.

Sasa hiyo 6. Jina lake rasmi lilikuwa tozo ya kulinda thamani ya mkopo: asilimia 6 kwa mwaka, juu ya deni lililobaki. Hoja ya Bodi ilikuwa kwamba shilingi inashuka thamani, kwa hiyo milioni iliyokopwa leo, ikirudi baada ya miaka kumi bila nyongeza, haitamsomesha mwanafunzi mwingine kwa kiwango kilekile. Hoja hiyo si ya kupuuzwa. Lakini kwa mdaiwa, tozo inayokua kwa mwaka juu ya salio ni riba, uipe jina zuri namna gani. Ajabu ni kwamba wakati ule ilipokuwepo riba kweli, watu wengi walikuwa wakilalamikia makato, na maofisa nao walikuwa wakijibu kwamba "hii si riba, ni tozo". Kila upande ulikuwa umebandika jina kwenye kitu kisicho chake.

Tuone ilivyokuwa ikifanya kazi. Chukua deni la milioni 12. Asilimia 6 yake ni 720,000 kwa mwaka, yaani 60,000 kila mwezi. Kabla ya sheria kurekebishwa mwaka 2016 makato yalikuwa asilimia 8 ya mshahara. Kwa mshahara wetu wa 700,000, hiyo ni 56,000. Weka viwili hivyo pamoja: unakatwa 56,000, deni linaongezeka 60,000. Unalipa kila mwezi bila kukosa, na deni linapanda. Waliokuwa wakisema "deni haliishi" hawakuwa wakilalama tu, hesabu ilikuwa upande wao.

Makato yakawa 15, na mwanzoni mwa 2017 wafanyakazi wakaanza kuyaona kwenye hati zao za mishahara. Wengi walikuwa wamesaini mikataba yao wakijua ni 8, na kinyongo hicho hakijaisha hadi leo. Kwa 105,000 kwa mwezi, deni lile la milioni 12 pamoja na tozo ya 6 lingechukua kama miaka 14 kumalizika, na mdaiwa angekuwa ametoa karibu milioni 18. Ondoa tozo, uache makato palepale: miaka tisa na nusu, na anatoa milioni zilezile 12. Makato hayakubadilika hata shilingi moja katika mifano hii miwili, lakini mmoja kalipa milioni sita za ziada. Bei ya mkopo ilikuwa pale kwenye 6. Haikuwa kwenye 15.

Na 6 imefutwa. Rais Samia alitangaza hatua hiyo Mei Mosi ya 2021 kule Mwanza, ikaanza kutekelezwa Julai mwaka huohuo, pamoja na kufutwa kwa ile adhabu ya 10. Hapo nalo likazuka kosa jingine, la walioelewa kwamba "mikopo imefutwa" na wakaacha kulipa. Kilichofutwa ni nyongeza. Fedha uliyopewa, kuanzia ada hadi boom (posho ya kujikimu chuoni) uliyoinywea soda, ungali unadaiwa. Ni fedha inayozunguka, ndiyo maana Bodi ilianzishwa kwa sheria ya 2004 badala ya wizara kuendelea kugawa tu, na wanaorejesha wanachangia mfuko ambao wanaoomba mwaka huu wanausubiri.

Wakenya wanayo riba halisi. Bodi yao, HELB, iliyoanzishwa 1995, hutoza asilimia 4 kwa mwaka kwa mkopo wa shahada ya kwanza. Mtanzania anayewaonea wivu kwa sababu "wao wanatozwa 4 na sisi 15" analinganisha vitu visivyolingana. Kwa upande wa riba, wa kuonewa wivu ni yeye.

Lakini asilimia 15 ina mzigo wake. Uingereza hukata asilimia 9, na hiyo si ya mshahara wote. Ni ya kile kipande kinachozidi kiwango kilichowekwa. Ukiwa chini ya kiwango hukatwi kitu. Yetu inaanza kwenye shilingi ya kwanza. Mwalimu mpya na mkurugenzi wanakatwa kiwango kimoja, ingawa mwalimu akishatoa 15, na kodi, na mfuko wa hifadhi ya jamii, na bima ya afya, na chama, hesabu ya ile moja ya tatu anayotakiwa kubaki nayo inaanza kumbana hata kabla hajafika dirisha la benki kuomba mkopo wa kiwanja. Vyama vya wafanyakazi vinapodai kiwango kishuke, vina jambo la msingi.

Ila wadai kwa jina lake. Kurudisha makato kwenye 8 hakupunguzi bei ya chuo hata senti moja, maana sasa deni halikui. Mwenye milioni 12 na mshahara uleule atalipa 56,000 kwa karibu miaka 18 badala ya 105,000 kwa tisa na nusu. Atakuwa amenunua nafasi ya kupumua, na mfuko utakuwa umesubiri fedha yake karibu mara mbili ya muda, huku thamani ikishuka. Mimi ningependa zaidi kiwango cha chini cha mshahara kisichoguswa, kisha asilimia kubwa kidogo juu yake. Mwingine atapenda 8 tupu. Huo ni mjadala mzuri, na hauwezi hata kuanza ikiwa waziri anaulizwa kuhusu riba ambayo anaweza kujibu, kwa ukweli kabisa, kwamba haipo.

Kwa ambaye bado hajashawishika, asiniamini mimi. Achukue hati zake mbili za mshahara zinazofuatana, atafute mstari wa HESLB, kisha atoe salio la mwezi huu kwenye salio la mwezi uliopita. Kama tofauti ni sawasawa na alichokatwa, hakuna riba iliyoongezwa hapo. Kama haiko sawa, hilo ni la kupeleka Bodi na hati zote mbili mkononi.