Mtoto akikosea jaribio la gololi, amekosea nini hasa?

Jaribio hili hupima kama mtoto anatambua kwamba mwenzake anaweza kudhani jambo lisilo kweli. Vifaa vyake ni wanasesere wawili (Sally na Anne), kikapu, boksi na gololi. Sally anatia gololi yake kikapuni, anatoka. Nyuma yake Anne anaitoa na kuificha kwenye boksi. Sally akirudi, ataitafuta wapi? Simon Baron-Cohen, Alan Leslie na Uta Frith walichapisha matokeo yao mwaka 1985: kati ya watoto 20 wenye usonji (autism), 16 walionyesha mahali gololi ilipo kweli, si pale Sally anapodhani ipo. Katika watoto 27 wa chekechea wasio na usonji, 23 walipatia. Katika 14 wenye sindromu ya Down, walipatia 12.

Tangu hapo imezoeleka kusemwa kwamba mtoto mwenye usonji hajui mwenzake anawaza nini. Mimi siikubali kauli hiyo ikitolewa kirahisi hivyo, kwanza kwa sababu wanne walipatia, pili kwa sababu jaribio hili huharibika upesi.

Swali la Sally halitoshi peke yake. Uliza pia: gololi iko wapi sasa? Mwanzoni ilikuwa wapi? Asiyejibu haya mawili amepotea kwenye hadithi, na jibu lake kuhusu Sally halihesabiki. Kisha rudia, safari hii gololi ikiishia mfukoni mwako, maana kwenye sehemu mbili tu hata anayebahatisha hupatia nusu ya mara. Na macho yako yasiwe kwenye boksi unapouliza! Mtoto asiyesema aonyeshe kwa kidole.

Linaloharibu zaidi ni lugha. Francesca Happé alionyesha mwaka 1995 kwamba watoto wenye usonji hufikia nafasi ya nusu kwa nusu ya kupatia uwezo wao wa lugha ukikaribia ule wa mtoto wa miaka 9. Wasio na usonji huifikia kwenye uwezo wa miaka 4. Watoto viziwi waliozaliwa na wazazi wanaosikia nao huchelewa, na hao hawana usonji. Kwa hiyo pima lugha kwanza, na utumie lugha ya nyumbani kwa mtoto. "Ataitafuta wapi?" inaweza kusikika kama "aende wapi aipate?", ndiyo maana naongeza "kwanza": ataitafuta wapi kwanza? Usiseme "Sally anajua iko wapi?" Kujua kunabeba ukweli ndani yake, sema "anadhani".

Upande wa pili, kupatia nako si kumaliza. Utafiti wa mwaka 2009 ulikuta watu wazima wenye Asperger (jina lililotumika kwa aina moja ya usonji) wakijibu vizuri wanapoulizwa, lakini bila kuulizwa macho yao hayakutangulia kwenda pale mhusika atakapotafuta. Jibu wanalo, wanalifikia kwa kupiga hesabu, na maongezi hayasubiri hesabu. Mtoto huyo huyo aliyepatia gololi akipita mlangoni kwa jirani na kuambiwa "karibu tule", anaingia, ananawa, anakaa.

Kumfundisha gololi hakusaidii sana: watoto wamewahi kufundishwa wakafaulu majaribio ya namna hii, mazungumzo yao yakabaki vilevile. Fundisha palepale mlangoni, kwa kuchora kiputo cha mawazo juu ya kichwa cha jirani: anasema "karibu", anawaza "ananipita tu". Jirani naye aambiwe aseme wazi. Mwaka 2020 Catherine Crompton na wenzake walipitisha habari kwa minyororo ya watu 8, kila mmoja akimsimulia anayefuata. Wenye usonji watupu waliifikisha sawa na wasio na usonji watupu. Iliyopotea zaidi ni ya mchanganyiko. Damian Milton alishasema mwaka 2012 kwamba kutoelewana huku kuna pande mbili.

Kwenye ripoti, basi, usiandike "hana uwezo wa kuelewa wengine". Andika: lugha ya jaribio, maneno ya swali, majibu ya maswali ya kumbukumbu na ya hali halisi, mara ngapi kati ya 2 alipatia, na umri wake wa lugha.