Grandmasta si bingwa wa dunia, na maneno mengine ya kijiweni

Pita kwenye vijiwe vya drafti vya Mtwara mjini, kuanzia Chikongola hadi Magomeni, na neno grandmasta utalisikia kabla hujakaribishwa kukaa. Aliyefunga watu watano mfululizo ni grandmasta. Fundi cherehani asiyekosea kipimo naye grandmasta. Huo ni utani wa mtaani, hauna ubaya. Tatizo huanza maongezi yakihamia kwenye sataranji (chess) yenyewe, mchezo ambao grandmasta ndicho cheo chake cha juu, maana hapo watu wanaapa kabisa juu ya mambo ambayo hayapo.

Linalorudiwa kuliko yote ni kwamba grandmasta ndiye bingwa wa dunia. Bingwa wa dunia ni mmoja. Desemba 2024 Gukesh wa India, kijana wa miaka 18, alimfunga Ding Liren wa China huko Singapore akatwaa taji hilo. Waliowahi kupewa cheo cha grandmasta ni zaidi ya 2,000. Na hata bingwa si lazima awe namba moja kwa alama: Magnus Carlsen wa Norway alikataa kulitetea taji lake, likaenda kwa mwingine mwaka 2023, na yeye akaendelea kuongoza orodha ya dunia kama vile hakuna kilichotokea.

“Hicho cheo wanapeana tu, Mwafrika hawezi kukipata”

Hapa kuna makosa mawili yamefungwa pamoja, na ndipo ninapotaka tukae kidogo.

Cheo kinatolewa na FIDE, shirikisho la sataranji la dunia lililoanzishwa Paris mwaka 1924. Mwaka 1950 ndipo lilipoanza kukitoa rasmi, kwa wachezaji 27. Siku hizi anayekitaka kwa kawaida lazima awe amefikisha alama 2,500 za Elo, kipimo cha nguvu ya mchezaji, angalau mara moja, halafu apate nomu tatu. Nomu ni shindano la kimataifa, kwa kawaida la michezo 9, ambamo umecheza kwa kiwango cha 2,600 au zaidi, na michezo ya nomu zote ikijumlishwa isipungue 27. Wapinzani nao wanakaguliwa. Angalau theluthi yao wawe magrandmasta tayari, na kwa kawaida watoke pia nchi nyingine, wasiwe watu wa kwenu watupu.

Sasa mchukue dogo wa Newala mwenye kichwa chepesi. Tanzania haina grandmasta. Atapanda basi hadi Dar es Salaam, zaidi ya kilomita 550 kutoka Mtwara mjini, na akishuka bado hajafika walipo watu anaotakiwa kuwafunga. Anahitaji pasipoti, viza, nauli ya ndege na hoteli ya siku tisa au kumi, tena mara tatu akiwa na bahati ya kupata nomu kila anapojaribu. Anayesema Waafrika hatuna akili ya mchezo huu ahesabu kwanza hizo nauli.

Waliofanikiwa wapo. Slim Bouaziz wa Tunisia alikuwa Mwafrika wa kwanza, mwaka 1993. Amon Simutowe wa Zambia alikamilisha nomu yake ya mwisho Uholanzi mwaka 2007, akathibitishwa 2009, wa kwanza kusini mwa Sahara. Kenny Solomon wa Afrika Kusini alipita njia nyingine: alitwaa ubingwa wa Afrika jijini Windhoek mwaka 2014, na ushindi huo ukampa cheo moja kwa moja ingawa hakuwa amefika 2,500. Bassem Amin wa Misri ndiye Mwafrika wa kwanza kuvuka 2,700, na huyo ni daktari wa binadamu kwa taaluma.

“Magrandmasta wana kumbukumbu ya ajabu”

Msimu mmoja wa korosho, Mikindani, mwenye baiskeli aligonga benchi la drafti na vizibo vyote vikamwagika mchangani. Nilitegemea ugomvi. Mzee aliyekuwa anacheza akavirudisha kimoja kimoja, simu ikiwa sikioni, anajadili bei ya mnada. Mpinzani wake akasogeza kizibo kimoja tu: “Hiki kilikuwa hapa, mzee wangu.” “Kweli.” Wakaendelea.

Mwaka 1973 watafiti wawili wa Marekani, Chase na Simon, walichapisha jaribio la namna hiyo kwa sataranji. Fundi alioneshwa ubao kwa sekunde tano, akaupanga upya vizuri kuliko mchezaji wa kawaida, kwa mbali. Kete zilipotawanywa ovyo, bila mpangilio wa mchezo halisi, ufundi wake ulipotea karibu wote. Anachokumbuka ni mipangilio aliyokwisha kukutana nayo kwa miaka. Ukimtuma sokoni kununua vitu ishirini bila karatasi, atasahau chumvi kama wewe.

Umri nao unatiwa chumvi, eti ni cheo cha watoto tu. Abhimanyu Mishra wa Marekani alitimiza masharti mwaka 2021 akiwa na miaka 12, ndiyo rekodi. Lakini Maurice Ashley, mzaliwa wa Jamaika na mtu mweusi wa kwanza kupata cheo hiki, alikuwa na 33 mwaka 1999. Solomon alikuwa na 35.

Kuhusu madai kwamba kila grandmasta ni tajiri, mfuko wa zawadi wa pambano la Gukesh na Ding kule Singapore ulikuwa dola milioni 2.5, na ulikuwa wa watu wawili. Magrandmasta wengi hufundisha, huandika, au wana kazi nyingine kabisa. Botvinnik, aliyewahi kuwa bingwa wa dunia, alikuwa mhandisi wa umeme. Taimanov alipiga piano jukwaani. Kenneth Rogoff alipata cheo 1978, akaja kuwa mchumi mkuu wa Shirika la Fedha la Kimataifa.

Wanawake? Kuna cheo cha pekee cha grandmasta wa wanawake, kinachohitaji alama 2,300, na watu hukichanganya na kile kikubwa. Kile kikubwa kiko wazi kwa wote. Nona Gaprindashvili wa Georgia alikipata 1978. Judit Polgár wa Hungaria alikipata 1991 akiwa na miaka 15 na miezi minne, akaivunja rekodi ya umri mdogo iliyowekwa na Bobby Fischer wa Marekani, na mwaka 2002 akamfunga Kasparov, bingwa wa zamani wa dunia, katika mchezo wa kasi. Hadi leo wanawake wenye cheo hicho ni kama arobaini na kitu tu.

Na cheo ni cha maisha, hilo vijiwe wanalipatia. Alama zikishuka vipi, cheo kinabaki. Ila usiibie. Julai 2019 Igors Rausis, grandmasta mwenye miaka 58 ambaye alama zake zilikuwa zinapanda kwa kasi ya kutia shaka, alinaswa akitumia simu chooni kusaka msaada katikati ya shindano huko Strasbourg. FIDE ikamfungia miaka sita na kumvua ugrandmasta.